Spika, Mbwa wa Gari la Sinema

Siku yangu ya kwanza kazini nilikatazwa kusema. Jambo hilo lilinikera sana, maana niliajiriwa kwa ajili ya mdomo wangu. Niliongea Kiswahili cha shule na Kiha cha nyumbani bila kukwama popote, na cheo changu kilikuwa mtafsiri wa sinema. Nikafika Kibondo na sanduku la bati na gauni jipya la kitenge, nikajiona nimeshamaliza safari ya maisha. Mkubwa wetu, ambaye watu walimwita Bwana Sinema kama walivyowaita wengine Bwana Shamba na Bwana Afya, alinitazama, akaniamkia vizuri, kisha akaninyoosha.

"Ndugu Skolastika," alisema, "leo utakaa kwenye kigoda kile, utafumba mdomo, utawasikiliza watu. Kutafsiri nitakufundisha. Kusikiliza sijui kama nitaweza."

Ninyi mnaosoma haya mmezaliwa na simu mkononi, kwa hiyo inabidi nieleze. Miaka ya sabini huku kwetu juu, Kibondo na Kasulu, televisheni hatukuijua hata kwa kuisikia. Majumba ya sinema yalikuwa ya watu wa miji ya mbali. Sisi tulikuwa na gari. Lilikuwa Land Rover la serikali, nyuma limebeba jenereta, projekta, spika mbili kubwa za kufungwa juu ya paa, na makopo bapa ya bati yenye mikanda. Tukifika kijijini tulisimamisha miti miwili, tukatundika kitambaa cheupe katikati, tukavuta waya wa jenereta mbali kidogo ili kelele yake isiwashinde watu. Jua likizama tu, tulianza. Mikanda mingi ilisema Kiingereza, na mingine haikusema kitu kabisa. Mtafsiri alikaa karibu na projekta na kipaza sauti, akawaeleza watu wanachokiona.

Mkanda ulipokatika, na ulikatika mara nyingi, Bwana Sinema alizikwangua ncha zake kwa wembe, akapaka gundi, akazibana kwa vidole huku akihesabu kimoyomoyo. Hiyo iliitwa kuunga. Kila unapounga unapoteza kipande kidogo, kwa hiyo mkanda wa zamani ulikuwa na watu wanaoruka kutoka mlangoni hadi kitandani bila kutembea. Watu wa vijijini walizoea. Walidhani Ulaya ndivyo wanavyotembea.

Jioni ile ya kwanza walionyesha mkanda wa kilimo cha maharage, watu wakapiga miayo kwa adabu. Halafu ukaja mkanda mfupi wa kuchekesha. Mbwa mmoja wa kizungu mwenye madoa anaingia jikoni mwa hoteli, anamwibia mpishi mnene mnyororo mrefu wa soseji, mpishi anamfukuza mjini kote, mbwa anaishia chini ya daraja akila na maskini mmoja. Basi. Lakini mtafsiri wa wakati ule, yule niliyekuja kushika nafasi yake, aliweka kipaza sauti chini mbwa alipotokea tu. Nikadhani amechoka. Kumbe watu wenyewe ndio waliochukua kazi. Wazee, akina mama, wote wakawa watafsiri. "Kimbia!" "Pita huku, mjinga wewe, huko kuna ukuta!" "Utumbo wote huo anaupeleka wapi?" Na bibi mmoja, aliyekuwa ameuona mkanda huo msimu uliopita, alisema kwa huzuni ya kweli, "Huyu mpishi hajifunzi. Hata mara ile aliibiwa hivihivi."

Baadaye Bwana Sinema aliniambia kanuni yake. "Mbwa akitokea kwenye kitambaa, mtafsiri anafunga mdomo. Mtu wa Ulaya anahitaji kutafsiriwa. Mbwa hahitaji. Ukimtafsiri unawanyang'anya watu starehe yao."

Niliishika kanuni hiyo miaka yote. Na niseme hapa kwamba mbwa hakuwa na sifa kubwa nchini siku hizo. Redioni mtu akitaka kumtukana adui wa taifa alimwita mbwa. Magazetini mnyonyaji alichorwa na mkia. Nyumbani ukimwita mtu mbwa mlipelekana kwa balozi wa nyumba kumi. Lakini kwenye kitambaa chetu mbwa alikuwa mfalme. Tulipopita barabarani, watu walitusimamisha kutuuliza habari zake: hajambo? Amezeeka? Yule mpishi alimpata?

Dereva wetu alikuwa Mzee Shomari, mtu wa Bagamoyo, Mwislamu safi, aliyeoa Kasulu na kuapa kwamba baridi ya Kibondo ndiyo itakayomuua. Aliniita mwanangu tangu siku ya kwanza. Alimpenda mbwa wa kwenye kitambaa kuliko sisi wote, alicheka mpaka kofia ikamdondoka. Mbwa wa kweli akimkaribia alipanda juu ya bampa. "Yule wa kule hana mate," alinieleza. "Huyu akinirambia kanzu, najisi hiyo nitaipeleka wapi?"

Sasa nije kwa Spika.

Wakati huo Warundi waliokimbia mauaji kwao walikuwa wamejaa vijiji vya mpakani, na malori yalikuja kuwachukua kuwapeleka makazi mapya, mbali, upande wa Tabora. Tulikuwa Kibondo mjini asubuhi moja malori yakipakia. Mama mmoja alisimama karibu na gari letu akiwa na mzigo kichwani, mtoto mgongoni, na mbwa wa rangi ya udongo mwenye masikio yaliyosimama. Shingoni mbwa alikuwa na njuga, kengele ya chuma ya kiwindaji. Lori lilichukua watu na masufuria. Mbwa halikuchukua.

"Mwananje," aliniambia yule mama, yaani mwanangu, "mchukueni huyu. Nyie mna gari." Nikamtazama Bwana Sinema, naye akatazama pembeni, na kwa mtu kama yeye kutazama pembeni ilikuwa ruhusa. Mama akanifundisha haraka haraka, lori likipiga honi. "Anaelewa kwetu tu. Ukisema *ingo*, anakuja. Ukisema *icara*, anakaa. Njuga msimvue, ataona mmemfukuza." Kirundi na Kiha ni ndugu wa tumbo moja, kwa hiyo niliyajua maneno hayo tangu kuzaliwa. Lori likaondoka. Mbwa akalikimbilia mpaka kona, akasimama, akageuka kunitazama. Nikasema, "Ingo." Akaja. Nililia pale pale barabarani, sikujali nani ananiona.

Jina alijipa mwenyewe. Tulipowasha spika jioni ile kupiga muziki wa kuitia watu, aliinua kichwa akaitikia kwa sauti ndefu, na kila ubeti ulipoisha naye alinyamaza. Mzee Shomari akasema hii ni spika ya tatu. Ndipo akamtengenezea kisanduku cha mbao juu ya paa, katikati ya zile mbili, chenye upenyo wa kuchungulia. Alikitengeneza vizuri kuliko kitanda changu. "Mimi na yeye ni wafanyakazi wa serikali sote," alisema. "Ila tusigusane."

Sasa msikie kilichotupata kijijini Busunzu. Njuga kwetu haikuwa pambo. Mwindaji alimfungia mbwa wake ili amfuate porini kwa sauti, na wawindaji waliporudi na mnyama, njuga zikilia kijiani, watu walitoka kuwapokea, na aliyetoka kupokea hakurudi nyumbani mikono mitupu. Mimi nililijua hilo kama ninavyojua jina langu, lakini halikunijia akilini. Land Rover likaingia Busunzu likiruka mashimo, Spika juu, njuga inalia ng'ang'a ng'ang'a kilima kizima. Kupiga kona tu, kijiji chote kiko barabarani. Wanaume na mikuki, akina mama na vikapu, watoto na majani ya mgomba ya kufungia.

"Rudi nyuma!" Bwana Sinema akampigia kelele Mzee Shomari. Yeye alikuwa mtu wa Morogoro, akadhani tumevamiwa. "Rudi nyuma, Mzee, wana silaha!"

Mimi nilishindwa kumweleza kwa kicheko. Mzee mmoja akaja mpaka dirishani, akachungulia ndani, akazunguka nyuma, akarudi. "Mmetuita kwa njuga," alisema kwa upole. "Nyama iko wapi?"

Nikamtafsiria Bwana Sinema. Akanipa jibu ambalo sijalisahau. "Mwambie nyama iko kwenye kitambaa. Wangoje giza liingie."

Wakangoja, na vikapu vyao. Mbwa mwenye madoa alipokokota ule mnyororo wa soseji, Busunzu nzima ilinguruma, na mzee yule akasimama akatangaza, "Nyama ndiyo ile! Na mbwa anakula peke yake na rafiki yake!" Tangu siku hiyo hatukuhangaika tena na matangazo. Tulimwachia Spika. Kila tulikokwenda watu walikuja na vikapu vitupu kwa utani tu, na sisi tukaitwa wawindaji wa serikali.

Afisa mmoja mkubwa wa mkoa alipotutembelea hakufurahi. "Mbwa wa ofisi anaitwaje Spika? Bungeni wakisikia?" Sote tukatazama viatu. Mzee Shomari akavua kofia. "Mkubwa, yule wa Bunge tunamheshimu. Huyu ni wa gari, tunampa mifupa." Afisa alijikaza, ikamshinda, akacheka hadi akaomba maji. Jina likabaki.

Kisha tulihamishiwa Kasulu, na huko ndiko kazi ilikotufikisha kijiji cha Titye.

Kichaa cha mbwa kilikuwa kimeingia wilayani. Kijiji cha jirani mtu alikuwa ameumwa akafa, na kifo hicho si cha kusimuliwa. Ikatoka amri: Bwana Mifugo atazunguka na sanduku lake la barafu kuchanja mbwa wote, na nyuma yake watapita askari wenye bunduki. Mbwa asiyechanjwa atapigwa risasi. Kwa mtu wa mjini amri hiyo ni nyepesi. Titye walikuwa wakulima, na mahindi yao yalikuwa yanakaribia kukomaa, huku nyani na nguruwe mwitu wakisubiri ukingoni mwa shamba. Ondoa mbwa, umeondoa chakula cha mwaka. Sisi tulitumwa kutangulia na mkanda wa mafunzo, ili watu waelewe na walete mbwa wao kwa hiari.

Tukaonyesha. Mkanda ulikuwa wa rangi nyeusi na nyeupe. Unaanza na mbwa mwenye afya anachomwa sindano, anatikisa mkia. Unafuata mbwa anayetokwa povu, anayumba, anaanguka. Unaisha na daktari akinawa mikono. Mbwa alipotokea mimi nikaweka kipaza sauti chini, kama ilivyokuwa kanuni. Lakini mara hii hakuna aliyesema kitu. Titye walitazama kimya mpaka mwisho, wakanyanyuka, wakaenda makwao bila hata kuomba ule wa soseji.

Kesho yake Bwana Mifugo alikaa shuleni na meza yake tangu asubuhi. Hakuja mbwa hata mmoja. Kijiji ambacho jana yake kilibweka kona zote kilikuwa kimya, mbwa wamefichwa migombani na mabondeni. Kufikia mchana Bwana Mifugo aligusa barafu yake, akatikisa kichwa.

Tulikuwa tumefikia kwa Mama Anastazia, mjane mwenye ulimi mkali na moyo mkubwa. Akitumiminia uji, Bwana Sinema alimuuliza, kwa heshima zote, watu wa Titye wamekasirishwa na nini.

"Mbona mlituonyesha wenyewe?" alisema. "Mbwa alikuwa mzima. Mkamchoma sindano. Akatoka povu, akafa. Halafu mwenye sindano akanawa mikono. Na nyie mnataka wa kwetu?"

Bwana Sinema akaweka kikombe chini. "Mama, wale walikuwa mbwa wawili."

"Nani kasema?"

Alinigeukia mimi, uso umemshuka. "Hakuna aliyesema. Kanuni yangu ndiyo imetuponza, Ndugu Skolastika. Si wewe. Wewe ulinitii mimi."

Wakubwa wa namna hiyo nilikutana nao wachache, na huyo nilimpata mwanzoni kabisa mwa kazi.

Akamwita Mzee Ntagaye, mkuu wa wawindaji wa Titye, mtu mrefu asiyepoteza maneno. Tukamweleza habari ya mbwa wawili. Alisikiliza yote. "Inawezekana," alisema. "Lakini hata asipopata kichaa, dawa itaua pua. Mbwa asiye na pua ni mdomo wa kulisha tu. Mimi wangu siwaleti, na nisipoleta mimi hakuna atakayeleta."

Tulipobaki peke yetu, Bwana Sinema alimtazama Spika, aliyekuwa amelala kivulini mwa gari. "Yupo mbwa mmoja ambaye wilaya nzima inamjua," alisema. "Akichanjwa mbele yao, akakaa nao hapa wiki nzima, watamwona. Lakini ni mbwa wako. Sikuamuru. Nakuuliza."

Niliogopa. Sindano sikuiogopa, niliogopa vingine vyote. Akiumwa na nyoka, akimeza mfupa vibaya, chui akimbeba, kijiji kingesema ni sindano, na mbwa wote wa Titye wangekufa kwa ajili yake. Nikasema ndiyo.

Akachanjwa hadharani, mchana kweupe, uwanja wa shule umejaa. Nikamwambia "icara", akakaa. Mzee Shomari alisimama mbali, midomo inacheza, anasoma dua. Spika akashtuka kidogo, akanusa mkono wa Bwana Mifugo, basi. Gari likarudi Kasulu kufuata dawa na barafu mpya. Wangerudi Jumatatu, na askari pamoja nao. Mimi na Spika tukabaki kwa Mama Anastazia.

Wiki hiyo nilitembea na mbwa Titye nzima, kilima kwa kilima, njuga inalia. Watu walisimama milangoni wakimtazama mdomo. Akina mama waliwavuta watoto ndani. Siku ya tatu mwanamke mmoja alitoka na bakuli la maji, akaliweka katikati ya njia, akarudi nyuma. Kila mtu anajua mwenye kichaa huogopa maji. Spika akanywa yote akaramba bakuli. Nilisikia pumzi za watu nyuma ya nyua. Kuanzia hapo walianza kuniamkia, na usiku, Mama Anastazia aliniambia, watu walilala wakisikiliza. Njuga ikilia, mbwa mzima.

Jumapili niliamka, mahali pake karibu na mafiga ni patupu.

Nilitoka nikaita. Nikashuka mtoni nikaita, nikapanda upande wa pili nikaita mpaka sauti ikakauka. Hakuna njuga. Watu walipotoka kanisani habari ilikuwa imeshafika kila nyumba. Hawakunitukana, na hiyo ilikuwa mbaya zaidi. Mama mmoja alinishika mkono tu akasema, "Pole, mwananje. Amekwenda kufia porini, wanafanyaga hivyo." Mabinti waliokuwa wamewatoa mbwa kwenye maficho wakawa wanawarudisha. Nilikaa jikoni kwa Mama Anastazia nikalia kama mfiwa. Nilimlilia Spika, na nililia pia kwa sababu nilijua kesho asubuhi nitasikia bunduki.

Jumatatu gari letu likaja, na nyuma yake gari la askari. Bwana Sinema aliteremka akitabasamu, akaniona, tabasamu likakoma. Nikamweleza. Akakaa kwenye kizingiti cha darasa. Mzee Shomari aliuliza tu, "Jana alikula?" Nilipotikisa kichwa, alikwenda mpaka ukingo wa uwanja, akaweka mikono mdomoni, na kwa lafudhi yake ya Bagamoyo akaanza kuita bondeni, "Ingo! Ingo, baba! Ingo!" Yeye, ambaye hajawahi kumgusa.

Watu wa Titye walikusanyika mbali, nyuso zimefungwa. Bwana Mifugo akafungua sanduku mezani. Mkuu wa askari akauliza waanze saa ngapi. Bwana Sinema akanipa kipaza sauti, ambacho kilitumia betri ya gari, kwa hiyo hapakuwa na kelele ya jenereta. "Waambie," alisema.

"Niwaambie nini?"

"Sijui, dada yangu."

Ndiyo mara pekee aliyoniita hivyo. Nikakiwasha. Spika mbili zikakoroma juu ya paa, Titye yote ikanitazama, na mimi mwenye maneno ya kuuza sikuwa na moja. Nikasimama hivyohivyo. Na kwa sababu nilikuwa kimya, na watu wote walikuwa kimya, tukaisikia.

Ilikuwa mbali bondeni, ndogo, halafu ikapotea, halafu ikarudi. Njuga. Mama Anastazia alishika kichwa, akamlilia mama yake kwa Kiha, "Mawe!" Watu wakageuka wote. Kwenye kijia akatokea Spika mbele, ulimi nje, kifua kina damu isiyo yake, na nyuma yake Mzee Ntagaye na wanawe wamebeba nguruwe mwitu mkubwa kwenye mti.

Mzee Ntagaye alikuja moja kwa moja kwangu. "Nilimchukua jana alfajiri. Njuga niliijaza majani, ndivyo tunavyofanya tukitaka mnyama asitusikie. Tukalala huko huko, majani nikayatoa leo wakati wa kurudi. Sikukuambia, maana ungekataa." Akanyoosha kidole kumwonyesha nguruwe. "Huyu amekula shamba langu misimu miwili, mbwa wangu wote amewashinda. Huyu wako amemfuata tangu mtoni, juu ya mawe, ndani ya maji, akamtoa." Akavuta pumzi. "Pua ipo. Ipo kabisa."

Nikainua kipaza sauti niwatangazie. Hapo Bwana Sinema, machozi yanamlenga, akaweka kidole mdomoni mwake. Nikaelewa. Nikapiga goti vumbini, nikasema, "Ingo." Spika akaja. Nikakiweka kipaza sauti karibu na shingo yake. Naye, kwa kuwa alikuwa amelowa, akajikung'uta kama mbwa wote wanavyojikung'uta, tangu masikio hadi mkia.

Njuga ile ikatoka kwenye spika mbili ikapiga kilima hiki na kile, ikarudi. Waliokuwa uwanjani waliisikia, waliojificha migombani waliisikia, na mbwa waliofichwa mabondeni waliisikia wakaanza kujibu. Titye nzima ikabweka. Wa kwanza kufika mezani alikuwa Mzee Ntagaye na mbwa wake watano, halafu akina mama na vikapu kichwani, maana njuga imelia na nyama ipo, mkono mmoja umeshika kamba ya mbwa. Foleni ilizunguka shule. Bwana Mifugo alichanja mpaka barafu ikawa maji. Askari walisaidia kushika mbwa, wakapewa paja, wakarudi na risasi zao zote.

Mzee Shomari alimtazama Spika, akamtazama nguruwe, akainua macho juu. "Mbwa, na sasa nguruwe," alisema. "Leo nitaoga mpaka mto uishe." Halafu akafuta macho kwa kofia.

Spika aliishi nasi miaka mingi, akazeeka juu ya paa. Alipokufa Kasulu, Mzee Shomari ndiye aliyechimba kaburi, peke yake, hakutaka msaada. Bwana Sinema alihamishwa, akaja mwingine aliyependa hotuba, kisha mwingine aliyependa kulala. Gari liliharibika kifaa kimoja kimoja. Nikapelekwa ofisi ya Kigoma mjini kutunza mikanda, zikaja video, zikaja televisheni, na mikanda ikawa taka. Nikastaafu. Siku ya kuagwa walinipa saa ya ukutani na soda.

Sina lalamiko. Nimelipwa maisha yangu yote kukaa gizani nikiwasikiliza watu wa kwetu wakicheka. Nilifundishwa na mtu aliyejua kukosea na kusema amekosea. Niliendeshwa na mtu aliyejua kupenda bila kugusa. Wajukuu wangu wananionyesha mbwa kwenye simu zao, mbwa wanaocheza muziki, mbwa waliovishwa miwani, nami hucheka pamoja nao kwa dhati. Mbwa bado ni mfalme pale.

Mwezi uliopita wezi walininyemelea kuku, nikaenda mnadani Kasulu kutafuta mbwa. Kijana mmoja alikuwa na mzuri, wa rangi ya udongo, bado mdogo. Nikamuuliza anatoka wapi, akasema Titye. Nikauliza kama ana sindano.

"Bibi, usiwe na wasi," alisema. "Huyu kashaona sinema."

"Kaona nini?"

Akacheka kwa aibu. "Ah, samahani, ndivyo tunavyosema kwetu. Mbwa akichanjwa tunasema kaona sinema. Hata wazee wanasema hivyo. Sijui kwa nini."

Nilifungua mdomo nimweleze. Mimi, mtafsiri, mwenye hadithi nzima kichwani. Lakini mbwa alikuwa amenyanyua kichwa, masikio yamesimama, ananitazama.

Nikafunga mdomo.